Wakikuuliza Mama Yako ni Nani

Darsait, Muscat, usiku wa kuamkia safari yako

Mwanangu Nassor,

Salamu utazipata kwa mdomo alfajiri, kwa hiyo hapa sizitii. Wala sikuandikii habari za kuvaa fulana ya ndani na kutokula vya njiani. Hayo nimeyasema tangu Ijumaa, na wewe umekuwa ukiitika "ndiyo Mama, ndiyo Mama" kama mtu anayefukuza nzi. Nakuandikia yale ambayo kila nikifungua mdomo unanikatiza. Karatasi huwezi kuikatiza. Ukifika Dubai tafuta mahali pa faragha, isome, kisha ichome. Usiiweke hata kwa mapenzi, maana unajua mwenyewe kule mnakokwenda karatasi inavyoweza kumponza mtu.

Ndiyo, najua mnakokwenda. Mjomba wako anaamini umepata kazi Kuwait, na mimi nimemwachia imani yake kwa sababu ni mtu mwema na ana nyumba moja tu ya kutuweka. Lakini mimi si mjomba wako. Yule kijana wa Dhofar mliyefanya naye kazi kwenye kampuni ya mafuta, yule mwenye adabu nyingi, alipokuja kula wali hapa mara ya pili akaanza kukuuliza Wachina wanasemaje "ndugu" na wanasemaje "bunduki", nilijua. Hakuna mtu Muscat nzima anayetaka Kichina cha kwendea sokoni. Watakupitisha Aden, na kutoka Aden watakupeleka Peking pamoja na vijana wao wanaokwenda kujifunza vita vya kumwondoa Sultani, wewe uwe mkalimani wao. Tangu tuje hapa nimewaficha watu kwamba tuliishi China. Nimewaambia tumetoka Karachi, na si uongo, maana meli ilitoka Karachi. Kumbe nilichokuwa nikikificha kuliko vyote ndicho walichokuwa wakikitafuta.

Sikuzuii. Una miaka kumi na saba na nchi hii haina hata skuli ya kukutia. Ukitoka usiku baada ya mzinga wa kufunga mji kulia lazima ushike kandili, wasije wakakudhania mwizi, na ukisema neno moja la kweli mbele ya asiyestahiki unaishia kifungoni ngomeni. Mtoto wa jirani yetu alikufa mwezi uliopita kwa homa ambayo Peking uliwahi kuipata ukapewa vidonge ukapona. Ungeniuliza kama hali hii inavumilika, ningekujibu haivumiliki. Msiba wangu ni kwamba unakotoka hakufai, na unakokwenda nakujua.

Alhamisi uliniambia, "Mama, kosa la watu si kosa la mapinduzi."

Nikakujibu, "Hiyo n'shaisikia. Baba'ko kaisema kwa lugha tatu mpaka kafa nayo."

Ukakasirika, ukatoka, ukaacha mlango wazi mbuzi wa jirani akaingia. Haya, sasa umekaa na barua. Nisikilize.

Baba yako hakuwa mjinga, na sitaki umkumbuke hivyo kwa sababu ya ulimi wangu. Unguja alikuwa karani mwenye vitabu vingi kuliko viti. Alipoitwa Peking kwenda kutafsiri maandiko yao kwa Kiswahili, wewe ulikuwa na miaka tisa, na alifurahi kuliko siku ya harusi yetu, nilimwambia hivyo na hakukanusha. Tulipofika tulipewa nafasi katika majumba ya wageni, yenye bafu la maji moto na mpishi. Akakataa. Akasema, "Sikuja hapa kuwa bwana." Basi tukakaa uani kwa wafanyakazi wa ofisi, vyumba viwili, jiko la makaa ya mawe, na kabeji za majira ya baridi zimepangwa ngazi nzima mpaka watu wanapita upande upande.

Na mimi nilipapenda, sikufichi. Usidhani ni mwanamke wa shamba anayelilia mali yake. Niliona vikongwe ambao miguu yao ilifungwa kwa mila ya zamani tangu utotoni mpaka ikavunjika, sasa wamekaa kwenye mabenchi wanajifunza kusoma. Niliona binti wa mpishi anasomea udaktari. Mitaani hapakuwa na ombaomba hata mmoja. Mimi niliyelelewa na watumishi ambao babu zao walinunuliwa kwa fedha niliona haya, na haya ile ilikuwa haki yangu. Kwa hiyo mtu akikwambia kwamba yale yote yalikuwa uongo, usimsadiki. Yangekuwa uongo mtupu, nisingekuwa na cha kulilia.

Kisha ikaja ile Januari. Unakumbuka tulivyoitwa ukumbini asubuhi, ofisi nzima imesimama, mkuu akasema Unguja kumepinduliwa, wananchi wa Unguja wamejikomboa, na wenzetu watatu hawa wanastahiki kupongezwa. Wakapiga makofi. Baba yako akapiga makofi huku analia kwa furaha. Mimi nikamtazama yeye, nikakutazama wewe, nikapiga makofi. Ulipewa ua la karatasi, nadhani, au peremende, sikumbuki vizuri.

Barua ya khalati yako, dada yangu, kutoka Mombasa ilifika baada ya miezi miwili. Babu yako aliuawa shambani kwake siku za mwanzo, kwa mapanga, na alilala nje bila kuzikwa, kwa sababu wa kumzika walikuwa wamekimbia. Nilihesabu siku, nikahesabu tena, na kila nikihesabu najikuta nimesimama ukumbini. Nilimpigia baba yangu makofi. Nilimwonyesha baba'ko barua, akaisoma, akaikunja, akasema ni makosa ya watu.  Tangu siku ile sipigi makofi, hata harusini, na wanawake wa Mutrah wananiona nina kiburi.

Sasa nije kwa Bi Lan. Tangu tuondoke Peking hujalitaja jina lake, na mimi pia sikulitaja, tukawa kama watu wawili wanaopita pembeni ya kisima. Leo nalitaja.

Unajua alikuwa nani kwetu. Alikaa mlango unaotazamana na wetu, yeye na binti yake Mei. Alikuwa anafanya kazi meza moja na baba'ko, na jioni anakuja kwangu kujifunza Kiswahili cha watu, maana kile cha ofisini kilikuwa cha chuma na mavuno tu. Alijifunza kwangu mpaka akawa anasema "nna njaa" kama mtu wa Malindi ya kwetu Unguja. Alikuwa mcheshi. Mume wake alikimbilia Taiwan zamani za vita vyao akamwacha na mtoto tumboni, na yeye akiulizwa habari za mume anasema, "Kaenda kununua sigara." Mei alikuwa na miaka kumi na minane, mrefu, mkimya, na wewe ulikuwa ukimpenda. Usione haya, watoto wote wa uani walikuwa wakimpenda.

Kila Ramadhani nilipika futari nikampelekea sahani, kama ilivyo kwetu. Nazi hapakuwa, viazi vitamu nilivipika kwa maziwa, na kaimati nilizikaanga kwa mafuta ya mgawo. Ramadhani ya kwanza alinirudishia sahani ameiosha, safi, tupu. Nikacheka. Nikamwambia, "Bi Lan, kwetu sahani ya jirani hairudi tupu. Ukiirudisha tupu umenambia kesho n'silete." Akaona haya mpaka shingo ikawa nyekundu. Tangu hapo hakuwahi kukosa. Mara karanga, mara yai la chumvi, mara kitunguu kimoja. Nilijivuna kwamba nimemfunza ustaarabu.

Ile Ramadhani ya mwisho ilikuja katikati ya baridi na katikati ya ule wazimu, vijana wakisaka maadui wa mapinduzi nyumba kwa nyumba. Majina ya mitaa yalikuwa yamekwisha badilishwa. Mabango ya maandishi makubwa yalifunika kuta mpaka madirishani. Msikiti wa Waislamu wa Kichina ulikuwa umefungwa, na imamu wake tulimwona kwenye lori ameinamishwa kichwa. Nyumba ya Bi Lan ilipekuliwa mara mbili na vijana waliofunga vitambaa vyekundu mikononi. Walichukua vitabu, vikombe, koti lake zuri. Kosa lake lilikuwa mume aliye Taiwan na Kiingereza alichosomea kwa watawa.

Alinikuta ngazini kwenye kabeji, akasema bila kunitazama, "Bi Zuwena, mwaka huu usilete."

Nikamwambia, "Sahani ya futari haina siasa."

Ndivyo nilivyosema. Nilijiona jasiri. Ulikuwa ujasiri wa mtu mwenye pasipoti mkobani, Nassor, na ujasiri wa namna hiyo analipa mwingine. Nilikaanga kaimati, nikafunika sahani kwa kitambaa, nikakupa wewe uvuke nayo. Ungeweza kukataa, ulikuwa na miaka kumi na mitatu na kitambaa chako chekundu mwenyewe ulichopewa skuli, ukakivua ukakitia mfukoni ukaenda. Hilo nililiona. Nimelihifadhi.

Na yeye naye angeweza kuirudisha tupu. Hakuwa na kitu ndani ya nyumba, hata kitunguu. Alikuwa na bangili moja ya jiwe la kijani, ya mamake, aliyoificha ndani ya ndoo ya makaa wasiione. Akaiweka chini ya kitambaa, akakurudishia sahani. Mpaka leo sijui kama alikuwa anarudisha wema au alitaka nimhifadhie. Mimi naamini alifanya vile nilivyomfunza, basi. Vijana wa uani wakakusimamisha njiani wakafunua.

Yaliyofuata ulikuwapo. Walimsimamisha juu ya benchi uani, ubao shingoni, nusu ya kichwa imenyolewa, bangili imefungwa kwa uzi kwenye ubao ili kila mtu aione. Wakamwita mwanamke aliyeficha mali na kumhonga mgeni. Baba'ko alikatazwa kutoka ofisini. Mimi nilikuwa dirishani, na Kichina changu, wajua, kilikuwa cha kununulia mboga. Nilikuona. Ulikuwa mstari wa mbele, na kitambaa chekundu umekirudisha mkononi, na mdomo wako ulikuwa wazi kama midomo ya wenzio.

Sikulaumu. Nimelisema mara moja na silirudii. Usingepiga kelele ungeulizwa kwa nini sahani ilikuwa mkononi mwako.

Kisha wakamwita Mei. Nilimwona anasogea, nikaona wanamwelekeza kidole, wanamwambia aseme. Aliinua kichwa akasema neno fupi, halafu akanyamaza. Wakampigia kelele, akanyamaza. Wakamsukuma, akanyamaza. Jioni uliporudi nilikuuliza, kwa sababu wewe ndiye uliyekuwa mkalimani wangu siku zote, "Kasema nini Mei?" Ukanijibu huku unavua viatu, "Kasema, 'Huyu ni mama yangu, sina zaidi.'" Ukala chakula chote ukalala. Nami nikamshukuru Mungu kwamba hukulia. Fikiri, mama anashukuru hilo.

Siku ya pili Mei aliokotwa amekufa chini ya jengo la ofisi. Walisema alijirusha. Sikuuliza, na hapakuwa na wa kuuliza.

Bi Lan walimpa ufagio afagie ua ule ule. Wiki nyingi tulipishana kama watu wasiojuana. Asubuhi moja tulikutana kwenye bomba, maji yameganda, tunangoja mtu alete maji moto ya kuyayeyushia. Wengine walikuwa karibu. Hakuniangalia. Aliendelea kufagia miguuni pangu, akasema kwa Kiswahili, polepole, Kiswahili changu mwenyewe nilichomfunza, "Nilimwambia anikane. Nilimwambia, mwanangu, nikane. Hakutaka."

Basi. Akasogea na ufagio wake. Sikumjibu hata neno la pole. Nilikuwa nimekwisha jifunza.

Tuliondoka kiangazi kilichofuata. Baba'ko alishikwa na kifua Karachi, tukamzika huko, na kitu cha mwisho alichonambia chenye maana ni kwamba historia itasahihisha. Labda. Mimi hapa nashona kofia za watu tundu kwa tundu, na katika miaka hii sijaona ikisahihisha kitu. Naona tu watu wanabadilishana zamu. Unguja waliokuwa chini wakawa juu, wakafanya waliyofanya. Peking wale vijana waliomnyoa Bi Lan, nimesikia redioni kwa jirani, nao sasa wamefungishwa virago wamepelekwa mashamba ya mbali wakalime. Na hapa naona zamu inakuja pia, na wewe umo ndani yake, na najua utakwenda kwa moyo safi, maana Mei na baba'ko nao walikuwa na moyo safi.

Ningekuwa na mahali pa tatu pa kukupeleka, pasipo hapa wala kule, ningekupeleka kwa miguu. Nimetafuta. Sina.

Kwa hiyo sikupi wasia wa kuwa mwema. Utakuwa mwema kadiri watakavyokuruhusu. Nina mambo mawili tu. La kwanza ni dogo. Ukifika Peking, huenda ukamwona Bi Lan njiani, kama yu hai. Nimekulea kuamkia wakubwa na kuwabusu mkono. Yeye usimwamkie. Mpite. Akisalimiwa na mgeni kama wewe, atalipa yeye. Na akikutambua ataelewa, kwa sababu yeye naye angekupita.

La pili ndilo lililonifanya nishike kalamu.

Siku itafika, mwanangu. Itakuwa Aden, au milimani, au Peking penyewe. Mtakaa duara, chai itakuwapo, kila mtu ataeleza maisha yake. Na mmoja, huenda ni yule yule mwenye adabu nyingi aliyekula wali wangu, atakuuliza, "Na wewe Nassor, mama yako ni nani? Babu yako alikuwa nani?" Watakuwa wanalijua jibu. Wanakuuliza ili waone utafanya nini.

Usinyamaze. Mei alinyamaza. Usiseme pia kwamba babu alikuwa mwema kwa watu wake, hata kama ni kweli, maana hapo ndipo watakapokushika. Sema mama yangu ni binti wa kabaila, alikula jasho la watu, hakubadilika. Sema alipiga makofi kwa unafiki. Sema ndiye aliyemponza yule mwanamke wa Kichina kwa sahani yake, na hilo utalisema vizuri kwa kuwa ni kweli. Wakitaka upige kelele, piga. Sema mara ya kwanza, usingoje waulize mara ya pili.

Bi Lan alimwambia mwanawe mbio mbio, siku hiyo hiyo, na mtoto hakupata wakati wa kuzoea. Mimi nakwambia mapema ili uzoee njiani. Katika gari la kwenda Dubai, hapo Batina, wenzio wakilala, jaribu kuyasema moyoni. Mara ya kwanza yatakukwama. Rudia mpaka yasikwame. Mimi sitasikia, Darsait ni mbali, na hata nikisikia nitajua ni mimi niliyekutuma. Sina mali ya kukurithisha. Ruhusa hii ndiyo nilichonacho.

Ila nakuomba, na ombi hili silirudii. Utakaponikana, nikane kwa Kiarabu, au kwa Kichina, kwa lugha wanayotaka wao. Kwa Kiswahili usiseme neno. Humo niache nilivyo,

mama yako.